Namna Nilivyomfundisha Mirabelle Kuinama

Jumatatu, 3 Mei 1909

Leo Bwana Vaucresson ametukusanya wafanyakazi wote chini ya paa la vioo. Ametangaza kwamba nyumba yetu ya filamu itakuwa na idara mpya. Idara ya midoli inayotembea. Anasema watu wa Paris wamechoka na filamu za vichwa vinavyokatwa na za mashetani wanaotoka kwenye moshi. Sasa wanataka kuona midoli ikiamka sandukuni, icheze, ipigane, irudi kulala. Idara itakuwa na mkuu. Mkuu atapewa chumba chake mwenyewe, chenye mlango.

Niliinua mkono kabla hajamaliza. Bi. Crouzet naye akainua wa kwake.

Naandika polepole nisije nikapasua karatasi. Bi. Philomène Crouzet alikuwa mshona kofia. Kofia! Mimi, Théodule Garrichon, nimepamba madirisha ya duka la midoli miaka kumi na mmoja, mpaka waliponiondoa kwa sababu ya moto mdogo. Sasa nani kati yetu anaijua midoli? Ni kweli hapa nina miezi mitatu tu, tena natunza ghala la vifaa. Lakini kipaji hakihesabiwi kwa miezi.

Bwana Vaucresson amesema kila mmoja wetu atengeneze filamu ya dakika moja. Zitaonyeshwa Alhamisi ya wiki ijayo kwa watoto wa mtaa, kama ilivyo kawaida yake. Alhamisi watoto hawana shule, na Bwana Vaucresson haamini jicho la mtu yeyote aliyeota ndevu. Filamu watakayoishangilia watoto, mwenye nayo ndiye mkuu.

Nimerudi nyumbani nikamwambia mke wangu Sidonie kwamba nimeshakuwa mkuu wa idara. Nimeharakisha kidogo tu. Kwa bahati mbaya binti yetu Odile alikuwa chini ya meza, anasikiliza.

Jumanne, 4 Mei

Odile ameshawaambia darasa zima. Ana miaka saba na mdomo wa miaka arobaini. Amewaambia kwamba baba yake ndiye anayeamsha midoli, na kwamba Alhamisi ijayo watamwona mwanasesere wake Mirabelle akitembea kwenye kitambaa cheupe mbele ya macho yao. Msichana mmoja akamwita mwongo. Odile akamjibu subiri Alhamisi.

Basi imekwisha hiyo. Sasa si suala la mlango tena. Nikishindwa, mwanangu atakuwa mwongo wa shule mpaka aolewe.

Jioni alimleta Mirabelle mwenyewe, amemfunga kwenye kitambaa safi. Mwanasesere ana kichwa cha kauri, macho ya buluu na gauni la hariri iliyochakaa. Alikuwa wa bibi yake Odile, mama yake Sidonie, aliyefariki majira ya baridi yaliyopita. Tangu mazishi mtoto hajalala siku hata moja bila huyo mwanasesere. Amenipa masharti kama wakili. La kwanza, Mirabelle asirukeruke. Ainame kwa adabu, kama bibi alivyokuwa akiinama kanisani. La pili, arudi nyumbani Alhamisi ileile, vilevile alivyo.

Nimeahidi yote mawili, mkono kifuani. Sidonie aliacha kupiga pasi akanitazama. Akasema, baba Odile, huyo mwanasesere akirudi na mkwaruzo mmoja, wewe utalala juu ya hii meza ya pasi. Mwanamke hana imani kabisa.

Jumatano, 5 Mei

Nimefundishwa kazi na Pêcheux, mpiga picha wetu. Ni mtu anayetoa maneno kana kwamba anang'olewa meno. Kazi yenyewe ni hivi. Unasogeza mdoli kiasi cha punje ya dengu. Unatoka. Pêcheux anazungusha mpini wa kamera mara moja, picha moja. Unarudi, unasogeza tena kiasi cha dengu. Mara kumi na sita, ndipo mdoli anaishi sekunde moja. Dakika nzima ni karibu picha elfu moja.

Nilimuuliza kama haiwezekani kusogeza shibiri nzima, tumalize Ijumaa.  Akasema hapo mdoli hatembei, anakuwa kiroboto.

Akanionyesha pia mstari wa chaki mezani. Kilicho ndani ya mstari kamera inakiona, kilicho nje haikioni. Nikamwambia nimepamba madirisha miaka kumi na mmoja, naijua mipaka.

Tuna meza mbili na kamera mbili, lakini Pêcheux ni mmoja. Asubuhi yuko na Bi. Crouzet, alasiri yuko nami. Nilipita karibu na meza ya yule mama, nikajifanya natafuta nyundo. Ana dubu, mpiga ngoma na farasi wa mbao, kila mmoja amechomekwa pini za kofia miguuni asianguke. Na wote amewapaka rangi ya kijivu. Dubu kijivu, farasi kijivu, mpiga ngoma kijivu mpaka midomo. Utadhani wamezikwa wakafukuliwa. Nilifurahi mpaka nikanywa glasi ya pili ya mvinyo wakati wa chakula.

Alhamisi, 6 Mei

Njama imegunduliwa.

Asubuhi nilipanga askari wangu kumi na wawili wa bati. Suruali nyekundu, makoti ya buluu, jeshi letu lenyewe. Pêcheux akaja akasimama, akakohoa. Akasema filamu haiijui rangi nyekundu. Nyekundu itatokea nyeusi, na buluu itatokea nyeupe. Ndiyo maana waigizaji hawapaki wekundu mashavuni na mandhari zote zinachorwa kijivu. Nikamuuliza nani amemtuma. Akasema hajatumwa na mtu, ndivyo filamu ilivyo.

Hazikupita dakika kumi, huyo Bi. Crouzet, na kopo la rangi ya kijivu mkononi. Ati anayo ya kubaki, ati nichukue tu, tusaidiane. Sauti tamu kama asali. Nikaona picha yote. Amemtia Pêcheux mfukoni, na wanataka midoli yangu ifanane na majivu ili watoto wasiitazame mara mbili. Nikamshukuru sana. Nikamwambia jeshi la Ufaransa halijawahi kwenda vitani limevaa majivu.

Alasiri nikaongeza nyekundu kwenye suruali na buluu kwenye makoti. Mirabelle naye mashavu yalikuwa yamepauka kwa busu za vizazi viwili. Nikayapaka wekundu mzuri wa cheri. Midomo pia. Najua Odile alisema arudi vilevile alivyo, lakini kumpendeza mtu si kumbadilisha.

Ijumaa, 7 Mei

Picha sitini tu alasiri nzima. Kwa mwendo huu nitamaliza Krismasi.

Adui yangu ni saa sita mchana. Kengele ikilia, nyumba yote inakufa mpaka saa nane. Leo kulikuwa na mwigizaji amening'inizwa kwenye mwezi wa mbao. Kengele ililia akiwa ametanua mikono kumwimbia mpenzi wake. Wakamteremsha, akaenda kula. Pêcheux anakunja mikono ya shati na kuondoka na mkate wake kwapani. Hata Bi. Crouzet anaenda kukaa uani na wasichana anaowasimamia, wale wa kutia filamu rangi kwa mkono.

Hapo ndipo wazo lilipokuja, nikiwa peke yangu na vioo na jua. Muda wa saa mbili kila siku. Hakuna Pêcheux wala jicho la mtu. Mpini wa kamera nimeshauona ukizungushwa, si kazi ya malaika. Kuanzia kesho wenzangu watakula, na mimi nitafanya kazi.

Jumamosi, 8 Mei

Mpango unakwenda vizuri ajabu. Tatizo pekee lilikuwa njaa.

Saa sita na nusu tumbo lilinguruma, nikatetemeka, nikamgonga askari wa tatu. Mtu mwenye njaa hawezi kusogeza kitu kiasi cha dengu. Sidonie alikuwa amenifungia soseji ya kitunguu saumu, figili, mkate na kipande cha jibini. Nikaiweka sahani palepale mezani, nje kidogo ya mstari wa chaki. Au ndani kidogo. Mstari wenyewe ulikuwa umefutikafutika.

Nikabuni utaratibu. Mirabelle anainama kidogo, natoka, nazungusha mpini, nakata kipande, natafuna. Mirabelle anainama zaidi, natoka, nazungusha, natafuna. Picha moja, tonge moja. Nikila polepole, vipande vyembamba kama karatasi, soseji moja inanitosha kuinama kwake mara tatu. Wafanyakazi wote wa nchi hii wanapaswa kujua jambo hili.

Na anavyoinama! Kichwa kwanza, kisha mabega, taratibu, kama marehemu mama mkwe. Nilikumbuka uso wa Odile nikasahau kutafuna kwa picha mbili nzima. 

Kabla ya saa nane nikapita kwenye meza ya Bi. Crouzet. Dubu wake alikuwa ameinua mguu mmoja. Nikamzungusha kiasi cha kidole, atazame ukuta. Kwenye filamu ataruka kama amechomwa. Sikufanya kwa ubaya, ni ushindani wa kazi.

Jumatatu, 10 Mei

Nimekuta karatasi imechomekwa kwenye meza yangu kwa pini ya kofia. Imeandikwa: "Bwana Garrichon, dubu wangu hupumzika saa za chakula. Tafadhali usimwamshe."

Kumbe yule mama huchora chaki kuzunguka kila unyayo. Alimrudisha dubu mahali pake pasipo kupoteza hata picha moja. Huo ni udanganyifu. Msanii wa kweli hukumbuka kwa moyo.

Halafu Pêcheux akaniambia kwamba filamu iliyo ndani ya kamera yangu inapungua yenyewe wakati wa chakula. Nikasema labda panya.  Akasema basi tusafishe kipande cha mwanzo, tukitazame kabla ya Alhamisi, maana kosa likionekana mapema linarekebishika. Bi. Crouzet wake ameshavitazama vipande vyake mara tatu.

Nimekataa katakata. Nikionyesha leo, kesho dubu naye atakuwa anainama. Nimewaambia filamu yangu itaonekana Alhamisi, na watoto wataiona wa kwanza.

Chakula cha leo kilikuwa kizuri. Soseji nyingine na jibini la mbuzi.

Jumanne, 11 Mei

Siku ya jeshi. Askari kumi na wawili wanaingia kwa mistari miwili kumpigia saluti Mirabelle. Nimewasogeza mmoja mmoja, mguu kwa mguu, huku natafuna. Kidole changu cha shahada kimekufa ganzi.

Saa saba hivi pilipili ya soseji ilinipanda puani. Nikapiga chafya. Askari sita wakalala chali. Kwa mshtuko nikazungusha mpini, kwa hiyo picha imeshika. Nimeamua wabaki hivyo. Hakuna jeshi lisilopoteza watu, na Mirabelle ataendelea kuinama, ishara ya kuomboleza. Bi. Crouzet hawezi kufikiria jambo zito kama hili hata akae juu ya kofia mwaka mzima.

Jumatano, 12 Mei

Nimemaliza. Pêcheux ameipeleka filamu kusafishwa, ameishika kwa vidole viwili mbali na mwili wake. Wivu umeshawaingia wote.

Nyumbani Sidonie amepiga pasi gauni la Odile la Pasaka. Nusu ya darasa wanakuja kesho, pamoja na yule msichana aliyemwita mwongo. Odile hajala, anatembea tu dirishani na kurudi. Ameniuliza kama Mirabelle anamkumbuka. Nikamwambia ana kazi nyingi. Akauliza kama wanampa chakula cha kutosha. Nikacheka, nikambeba, nikamwambia, mwanangu, mwanasesere hali kitu.

Alhamisi, 13 Mei

Nitaandika kila kitu kwa mpangilio.

Watoto kama sitini walijaa chumba cha maonyesho. Odile alikaa mstari wa mbele, mgongo umenyooka, ameweka viganja magotini. Sidonie pembeni yake. Ilianza filamu ya Bi. Crouzet. Siwezi kukana, dubu alitembea. Ule ukijivu wake kwenye kitambaa cheupe uligeuka ukawa laini kama manyoya ya kweli. Dubu aliamka, akajinyoosha, akamwamsha mpiga ngoma, wakapanda farasi wakaenda zao. Watoto walikaa kimya kabisa, kisha wakapiga makofi marefu. Odile alikuwa mdomo wazi. 

Ikaja yangu.

Uso wa Mirabelle ulijaza kitambaa. Mashavu meusi tii, kama mashimo mawili. Midomo myeusi. Macho meupe, hayana mboni. Chumba kizima kikapiga ukelele. Mtoto mmoja akapanda mapajani mwa mtoto mwingine. Na kando yake, juu ya sahani yangu, soseji kubwa kama gogo.

Mirabelle akainama juu ya soseji. Alipoinuka, soseji ilikuwa imepungua. Akainama tena, ikapungua tena. Taratibu, kwa adabu, kama mtu aliye kanisani, aliimaliza soseji yote. Akainamia figili. Figili zikaisha. Akainamia jibini. Halafu, kwa kuwa ilikuwa siku nyingine, sahani ikajaa tena ghafla, soseji nzima mpya, na huyo, akainama.

Nilitamani ardhi ipasuke inimeze. Nikamtafuta Pêcheux gizani. Alikuwa amejifunika uso kwa kofia.

Kisha likaingia jeshi la Ufaransa. Suruali nyeusi, makoti meupe. Mtoto mmoja nyuma akasema kwa sauti, jamani, wahudumu wa mkahawa hao, wanamletea kingine. Chumba kikalipuka. Wahudumu kumi na wawili wanapiga saluti, yeye anakula. Wanasogea, anakula. Mara askari sita wakaanguka chali, na yule yule mtoto akasema wamechoka kumpakulia. Hapo watoto walikuwa wanagaagaa sakafuni. Wakapiga miguu, tena, tena, tena! Wakaonyeshwa mara nne. Mara ya nne walikuwa wanahesabu vipande vya soseji kwa pamoja.

Bwana Vaucresson alikuwa analia machozi ya kicheko. Akanishika mabega akaniuliza, Garrichon, umepata wapi wazo hili? Nikamjibu, ni utafiti wa muda mrefu. Akasema zimwi la adabu! Wahudumu wa bati! Akasema yeye anazitaka filamu kumi na mbili za huyu zimwi, moja kila mwezi, na mkuu wa idara ni mimi. Ila mwanasesere huyuhuyu abaki hapa, awe mali ya nyumba, kwa sababu uso kama ule haupatikani mara mbili. Akafungua karatasi mezani. Akasema weka sahihi hapa.

Nikasema lazima kwanza nimwulize mwenye mwanasesere. Nilisema kweli, naapa. Nikageuka.

Odile alikuwa amesimama ukutani, hatua kumi kutoka nilipokuwa. Watoto wa darasa lake walikuwa wamemzunguka wanaimba, Odile analala na zimwi, Odile analala na zimwi. Hakuwa analia kwa sauti. Alikuwa anatazama kile kitambaa cheupe, ambacho sasa hakikuwa na kitu. Bi. Crouzet alikuwa amechuchumaa mbele yake, anampa leso, anawafukuza wale wengine kwa mkono.

Iliniuma. Naiandika hapa ili isije kusemwa kwamba haikuniuma.

Bwana Vaucresson akagonga karatasi kwa kidole, akasema watu wengine wanasubiri. Nikasoma neno Mkuu, na chini yake jina langu, limeandikwa vizuri bila kosa. Nikaweka sahihi.

Ijumaa, 14 Mei

Nina mlango. Unafunga na kufungua bila kelele. Nimeufungua mara nyingi.

Mirabelle yuko kwenye rafu juu ya meza yangu, mashavu yake mekundu. Mimi nayaona mekundu. Nimejaribu kuyafuta kidogo kwa mate, lakini Bwana Vaucresson akaingia akapiga yowe, ati nisiguse uso wa zimwi.

Saa nne Bi. Crouzet akabisha hodi. Nilijiandaa kwa maneno makali, maana mshindwa huwa na sumu. Akasema tu kwamba alicheka, hakuwahi kucheka hivyo tangu afiwe na mumewe, na kwamba nimestahili. Kisha akasema, "Lakini Garrichon, nenda kamwombe mtoto msamaha. Mwombe leo, wala usiseme maneno mengi." Akaenda zake kwenye dubu wake.

Nimelifikiria jambo hili kutoka kila upande. Ni kijicho. Anataka niende nyumbani nimenyong'onyea, nirudishe mwanasesere, nipoteze mlango.

Nyumbani Odile hanisemeshi. Nilimweleza kwa upole kwamba Mirabelle ameajiriwa, kwamba si kila mwanasesere hupata kazi Paris, na kwamba watu watamwona mpaka Moscow. Akaniuliza swali moja tu, nani alimwuliza Mirabelle kama anataka. Nikamwambia midoli haiulizwi, wakubwa ndio huweka sahihi kwa niaba yao.  Baadaye akauliza, kama Bwana Vaucresson angemtaka yeye, Odile, je, ningeweka sahihi?

Nikamwambia hilo nalo ni swali gani. Sidonie akasimama na pasi mkononi, anasubiri nijibu. Nikasema naona chakula kinapoa.

Meza ya pasi ni ngumu upande wa kushoto, lakini ina joto.

Jumapili, 16 Mei

Nimelala vibaya, nimefikiri vizuri. Suluhisho ni jepesi. Jana mchana nilimnunulia Odile mwanasesere mwingine, mwenye kichwa cha kauri, macho ya buluu, mrembo kuliko wa kwanza. Leo asubuhi nikampa, nikamwambia ni dada yake Mirabelle. Alimshika, akamtazama, akamshukuru mama yake, si mimi, akamweka kwenye kiti kwa adabu kama mgeni. Kisha akaenda kumtoa sungura wake wa kitambaa kabatini. Sungura mzee, sikio moja limetafunwa. Hajamgusa tangu alipokuwa na miaka mitatu.

Jana Bwana Vaucresson alikuja chumbani kwangu, akafunga mlango wangu mwenyewe nyuma yake, akaniambia filamu ya pili iwe tayari mwisho wa mwezi. Zimwi aolewe. Amesema mume awe mpole, mnyonge, mtu ambaye watazamaji watamwonea huruma anapoliwa kidogo kidogo. Nikazunguka madukani jana hiyohiyo kumtafuta. Midoli yote ya madukani ina afya mno.

Leo tumekula kuku na viazi. Odile alikula kwa mkono wa kushoto. Nilipotazama vizuri nikaona amemfunga yule sungura kwenye kifundo cha mkono wake wa kulia, kwa uzi mwekundu wa kufungia barua, mizunguko mingi. Sidonie akaniuliza natazama nini. Nikasema kachumbari.

Sikio lile lililotafunwa ni la ajabu. Linaning'inia upande kwa unyonge mtupu. Hakuna fundi awezaye kutengeneza unyonge kama ule, lazima miaka ifanye kazi yake. Na rangi yake ni kijivu, Pêcheux atafurahi, nitamwambia nimesikia ushauri wake.

Mtoto amepiga mafundo matatu. Nimeyachunguza vizuri nikijifanya nampa chumvi. Ni mafundo ya mtoto tu. Yanafunguka.